Khabari na Elimu: Kicheko cha Kashasha na Waliozama na MV Bukoba

Sifa zote njema zinamstahiki Allah (s.w.), na rehma na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake na Masahaba zake. Ama baada ya hayo.

Neno khabari tumelipokea kutoka katika Kiarabu, na neno elimu vilevile, na yote mawili yamekuwa ya kila siku kiasi kwamba tofauti yake imetutoka. Mtu anaulizwa habari za asubuhi, anajibu njema, na huku ana homa ya siku tatu. Wanazuoni wa balagha wameifasiri khabari kuwa ni maneno ambayo kwa dhati yake yanaweza kuwa kweli na yanaweza kuwa uongo. Elimu, kwa watu wa Usuli, ni kulitambua jambo kama lilivyo kwa namna isiyoacha nafasi ya shaka. Baina ya hayo mawili ipo njia, na katikati ya njia ipo dhana, ambayo nayo ina daraja zake. Makala hii inahusu njia hiyo. Mifano yetu hatutaichukua Makka na Baghdad, miji ambayo vitabu vya Usuli hupenda kuitaja katika mlango wa khabari, bali tutaichukua Bukoba na Muleba katika mkoa wa Kagera. Huko yalitokea mambo mawili ambayo, kwa maoni yetu, yanaufundisha mlango huo vizuri sana.

KICHEKO CHA KASHASHA

Tarehe 30 Januari 1962, ikiwa haijatimia hata miezi miwili tangu Tanganyika ipate uhuru, wasichana watatu wa shule ya bweni ya Kashasha walianza kucheka wakashindwa kujizuia. Kashasha leo imo katika Wilaya ya Muleba, lakini wakati ule sehemu yote ile ikihesabiwa kuwa Bukoba. Kicheko kikahamia kwa wenzao. Hadi shule ilipofungwa tarehe 18 Machi, wanafunzi 95 kati ya 159 walikuwa wamepatwa, wengi wao wa umri wa miaka 12 hadi 18. Walimu hawakupatwa hata mmoja.

Wasichana wakarudishwa makwao. Jambo hili lisipitwe haraka, kwa sababu kufunga shule kulikusudiwa kuukata ugonjwa na kumbe kuliufungulia barabara. Baadhi yao walikuwa wenyeji wa Nshamba, na baada ya siku chache Nshamba nako kukaanza. Katika miezi ya Aprili na Mei walihesabiwa watu 217 huko, wengi wakiwa vijana na watoto wa shule. Kashasha ilifunguliwa tena tarehe 21 Mei, wakapatwa wengine 57, ikafungwa tena mwishoni mwa Juni. Mwezi huohuo wa Juni shule ya wasichana ya Ramashenye, pembezoni mwa mji wa Bukoba, ilipata wagonjwa 48 kati ya wanafunzi 154, na kijiji cha Kanyangereka nacho kikaingia. Kwa jumla shule 14 zilifungwa.

Haya tunayajua kutokana na ripoti ya madaktari wawili, A. M. Rankin na P. J. Philip, waliowachunguza wagonjwa na kuandika kurasa nne katika jarida la Central African Journal of Medicine mwaka 1963. Walipima, wakatafuta sumu na vijidudu, hawakuona kitu. Wakaeleza kuwa mgonjwa alikuwa akicheka na kulia, akihangaika, na pengine akipigana akizuiwa. Baadhi walisema wanaogopa kwamba kuna mtu anawakimbiza. Hali hiyo ilimkaa mtu kuanzia saa chache hadi siku 16, ikija na kuondoka. Hakufa mtu. Hitimisho lao lilikuwa kwamba ni maradhi ya nafsi yanayoambukizana kwa kuonana. Wenyeji waliuita kwa Kihaya ugonjwa wa kucheka, na wengine wakasema akajanja, yaani wazimu. Walikuwepo pia waliosema kuwa hewa imetiwa sumu na mabomu ya atomiki yaliyokuwa yakijaribiwa na mataifa makubwa.

Sasa tazama, ndugu msomaji, khabari hii imefikia wapi. Leo inasimuliwa duniani kote, katika vitabu, redioni na kwenye intaneti. Utasikia kwamba watu wa Tanganyika walicheka mfululizo mwaka mzima bila kunyamaza. Utasikia kwamba walikufa kwa kicheko. Utasikia kwamba yote yalianza na kichekesho alichokisema msichana mmoja. Wasimuliaji ni maelfu kwa maelfu, wa lugha mbalimbali, wala hawajuani. Mwanafunzi wa madrasa aliyesoma kidogo anaweza kudhani kwamba hii ni khabari mutawatir, kwani si wasemaji ni wengi, na si ada inakataa watu wote hawa wakubaliane juu ya uongo?

Hapa ndipo masharti yanapohitajika. Ibn Hajar al-Asqalani (aliyefariki mwaka 852 Hijria, sawa na 1449) na waliomtangulia hawakutosheka na wingi wa wasemaji. Waliutaka wingi huo uwepo katika kila tabaka, tangu mwanzo wa isnadi, katikati yake, hadi mwisho. Waliongeza sharti jingine ambalo wengi wetu tunalisoma na kulisahau: khabari iishie kwenye kitu kilichohisiwa, kilichoonwa kwa macho au kusikiwa kwa masikio, isiishie kwenye rai.

Tukiipima khabari ya Kashasha kwa sharti la kwanza, wasimulizi wote wale wa ng'ambo wanamiminika kwenye mlango mmoja, nao ni zile kurasa nne za mwaka 1963. Mwisho wake ni bahari, mwanzo wake ni chemchemi moja. Wanafunzi wa hadithi wanalo la kulinganishia. Hadithi mashuhuri ya nia, inayofungua Sahihi ya Bukhari, imepokewa kwa njia sahihi na Umar ibn al-Khattab (r.a.) peke yake, na kutoka kwake Alqama ibn Waqqas, na kutoka kwake Muhammad ibn Ibrahim at-Taymi, na kutoka kwake Yahya ibn Said al-Ansari, kisha kwa Yahya ndipo wapokezi walipokuwa wengi mno. Pamoja na wingi huo maulamaa hawakuiita mutawatir. Wameiita sahihi, na hilo ni jambo jingine. Wala mtu asifahamu kwamba khabari ya mmoja haina thamani, la hasha. Madaktari wale wawili walikuwepo, waliona na waliandika kwa uangalifu. Kasoro iko kwa waliokuja nyuma yao, waliozidisha matini bila kuzidisha isnadi. Mtafiti Christian Hempelmann alipoirejea ripoti yenyewe mwaka 2007, alionyesha kwamba kicheko cha mfululizo cha miezi na miezi hakimo ndani yake, na kwamba kicheko kilikuwa dalili moja tu kati ya kadhaa.

Sharti la pili linakata zaidi. Waliosema kwamba watoto wanacheka walisimulia walichokiona. Waliosema kwamba hewa ina sumu ya bomu hawakuiona sumu, waliwaona watoto wakicheka wakakisia sababu. Hata kama Buhaya nzima ingesema hivyo kwa kauli moja, isingekuwa tawatur, kwa sababu rai ya watu elfu inabaki kuwa rai. Tunalisema hili kwa sababu katika misiba ya maradhi mapya khabari ya macho na rai huja zimefungwa kitambaa kimoja. Mwezi Machi 2023, watu walipoanza kufa wilayani Bukoba kwa ugonjwa wenye homa na kutapika damu, serikali kwanza ilisema ni ugonjwa usiojulikana, na tarehe 21 Machi, baada ya vipimo vya maabara, ikautaja kuwa ni Marburg. Wapo walioudhika na kauli ile ya kwanza, wakaiona ni udhaifu. Sisi tunaona ilikuwa ndiyo kauli ya kielimu, nayo ni ile wanayoiita maulamaa tawaqquf, kusimama mahali ulipofika ujuzi wako.

Jambo moja la pembeni. Binti aliyekuwa na miaka 12 mwaka 1962 leo ni bibi aliyepita miaka 70. Wapo wanafunzi wetu Muleba wanaoweza kwenda Nshamba kwa miguu. Isnadi nyingine za tukio hili, za watu walioliona kwa macho yao na kulisimulia kwa Kihaya, bado ziko hai, na zikifa hazitarudi.

WALIYOYASEMA WENGINE

Elimu ya kuichunguza khabari kwa dhati yake imepata watu wake Ulaya na Marekani katika zama zetu, na si haki kuwapita kimya. Mwaka 1948 mhandisi Claude Shannon, wa maabara ya kampuni ya simu ya Bell huko Marekani, alitunga hesabu ya kupima khabari inayopita kwenye waya. Alisema wazi kwamba maana ya ujumbe haimhusu. Kwake khabari ni kiasi cha shaka kinachoondoka kwa mpokeaji, basi. Juu ya hesabu hiyo zimejengwa simu na kompyuta zetu. Kwa kipimo chake uongo na ukweli vyenye herufi sawa hupita kwenye waya mmoja kwa gharama moja, na anayeshika simu leo hana haja ya kuthibitishiwa hilo.

Fred Dretske, mwanafalsafa wa Marekani, aliandika mwaka 1981 kitabu kizima juu ya elimu na mwenendo wa khabari. Alisema kwamba elimu ni itikadi inayozalishwa na khabari, na kwamba nakala ya nakala hubeba khabari ileile ya asili ikiwa tu hakuna kilichopotea katika kila hatua. Mfano wake ulikuwa mashine ya kunakili karatasi. Tulipoyasoma haya tuliona kama tunawasikia al-Khatib al-Baghdadi (aliyefariki mwaka 463 Hijria, sawa na 1071) na Ibn as-Salah wakizungumza juu ya kuunganika kwa sanadi. Tofauti ni kwamba mashine haina uadilifu wala usahaulifu, na wapokezi wetu ni wanadamu. Ndiyo maana maulamaa wetu walilazimika kuandika tarjama za watu kwa maelfu, nani alikuwa mkweli, nani alikuwa na hifadhi nzuri, nani alichanganyikiwa uzeeni.

Luciano Floridi, Mtaliano aliyefundisha Oxford, yeye amesema kwamba khabari ya uongo si khabari kabisa, kama sarafu bandia isivyokuwa sarafu. Maneno mazuri, lakini hapa tunaiona istilahi yetu kuwa na manufaa zaidi. Khabari kwetu ni khabari hata ikiwa uongo, na hukumu juu yake huja baada ya kuchunguzwa. Aya ya 6 ya Suratul Hujurat, inayotuamrisha tubainishe pale fasiki anapotuletea jambo, imeliita jambo hilo kwa jina la khabari kabla haujajulikana ukweli wake. Mtu akingoja kuiita khabari mpaka ithibitike, atakuwa hana jina la kitu alicholetewa mlangoni usiku, nacho ndicho kinachohitaji uchunguzi.

MELI ILIYOKUWA NA ORODHA NUSU

Asubuhi ya tarehe 21 Mei 1996, meli ya MV Bukoba, iliyokuwa ikitoka Bukoba kupitia Kemondo kwenda Mwanza, ilipinduka na kuzama ikiwa imekaribia kufika. Uwezo wake ulikuwa abiria 430. Orodha ya daraja la kwanza na la pili peke yake ilikuwa na watu 443. Daraja la tatu, wanakosafiri wanyonge, halikuwa na orodha. Idadi ya waliokufa inayotajwa ni kati ya 800 na 1,000, na nafasi hiyo baina ya namba mbili ni watu, si kosa la hesabu. Waliopatikana wengi walizikwa Igoma, Mwanza, na wengi kati yao bila ya kujulikana majina. Wengine ziwa halikuwarudisha.

Hapa msomaji ataona kwamba mambo yamegeuka. Kwamba MV Bukoba ilizama ni khabari mutawatir kwa masharti yake yote, hakuna mwenye akili anayeitilia shaka. Lakini kwamba fulani bin fulani wa Kamachumu alikuwemo ndani yake ni khabari nyingine kabisa, na elimu ya ile ya kwanza haizai elimu ya hii ya pili. Mjane wa Muleba hakuwa na shaka juu ya meli. Alikuwa na shaka juu ya mumewe. Alipanda Kemondo kweli? Au aliteremka kutafuta nafasi kwenye basi? Katika daraja la tatu hapakuwa na karatasi ya kumjibu.

Fiqhi ina mlango wa jambo hili, mlango wa mafquud, yaani mtu aliyepotea na khabari zake zikakatika. Asili ni kwamba yakini ya uhai wake haiondoshwi na shaka. Kwa kauli mpya ya Imam Shafii (r.a.), nayo ndiyo iliyotegemewa katika Minhaj ya Imam an-Nawawi inayosomwa pwani na bara yetu, mke wake haolewi mpaka ipatikane yakini ya kifo au talaka. Kwa kauli yake ya zamani, inayokubaliana na madhehebu ya Imam Malik na kutegemea hukumu ya Umar (r.a.), mke anangoja miaka minne kisha anakaa eda ya kufiwa. Wanazuoni wa Kihanbali wakaja na ubainifu ambao ukiusoma utadhani uliandikwa kando ya Ziwa Victoria. Wametofautisha baina ya aliyepotea katika safari ambayo ghalibu yake ni salama, kama biashara, na aliyepotea katika hali ambayo ghalibu yake ni kuangamia, na miongoni mwa mifano yao ni watu waliovunjikiwa na chombo majini, baadhi wakazama na baadhi wakaokoka. Huyu wa pili anangojwa miaka minne. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971 nayo imeweka miaka mitano kwa asiyesikika na wale waliotarajiwa kumsikia, kisha atadhaniwa amekufa, na dhana hiyo inaweza kuvunjwa kwa ushahidi.

Sisi tunaona kauli ya Kihanbali ndiyo iliyo karibu na tukio hili, na kadhi akiichukua hana lawama. Anayetaka kufupisha muda ule kwa hoja kwamba hakuna anayebaki hai ndani ya meli iliyopinduka na akumbuke kivuko cha MV Nyerere, kilichopinduka karibu na Ukara tarehe 20 Septemba 2018 na kuua watu zaidi ya 220. Siku mbili baadaye mhandisi mmoja alitolewa ndani yake akiwa hai.

Bado kuna njia ya kuufikia ujuzi kabla ya muda huo, nayo ni ushahidi. Mashafii wameruhusu kushuhudia kifo kwa kilichosikika na kuenea, wanachokiita tasaamu au istifadha, kwa sababu si kila kifo kina aliyekiona. Lakini wameshurutisha kwamba kisikike kutoka kwa jamaa ambao wanasalimika na kukubaliana juu ya uongo. Basi kijiji kizima cha Muleba kikisimama na kusema fulani alikuwemo, kadhi afanye nini? Aulize kila mmoja amesikia kwa nani. Ikiwa ishirini wote wamesikia kwa mpagazi mmoja wa gati ya Bukoba, basi hawa si ishirini, ni mpagazi mmoja aliyesimama mbele ya vioo ishirini. Ikiwa mmoja alimuuzia tiketi, wa pili alimbebea mizigo, wa tatu alikaa naye sitahani akaokoka, watatu hao wanawazidi uzito ishirini wale. Hili ni suala lilelile la Kashasha, ila pale liliharibu hadithi ya kusimulia, na hapa linaamua ndoa ya mwanamke na mali ya mayatima.

Imebaki mas'ala ya waliokufa pamoja, ambayo katika msiba ule lazima yalizifikia nyumba nyingi. Baba ana kibanja chake Muleba, amepanda meli na mwanawe aliyeoa, wamezama wote na haijulikani nani alitangulia. Kwa Zayd ibn Thabit (r.a.), na ndiyo kauli ya Maimamu Abu Hanifa, Malik na Shafii, hawarithiani. Imepokewa kwamba hivyo ndivyo alivyogawa mirathi ya waliouawa Yamama kwa amri ya Abu Bakr (r.a.), kisha ya waliokufa katika tauni ya Amwas kwa amri ya Umar (r.a.): walio hai waliwarithi wafu, na wafu hawakurithiana wao kwa wao. Katika madhehebu ya Imam Ahmad ipo kauli kwamba kila mmoja humrithi mwenzake katika mali yake ya asili. Kwa kauli ya wengi, kibanja cha baba kinakwenda kwa warithi wake walio hai, na mke wa mtoto hapati humo kitu, kwa kuwa mumewe hakuwahi kukirithi. Laiti ingethibiti kwamba mzee alikufa kabla ya mwanawe japo kwa dakika kumi, sehemu ya kibanja ingempitia mwana na kumfikia mjane wake, robo ya fungu hilo kama mumewe hakuacha mtoto na thumni kama ameacha.

Kwa hiyo akitokea mtu aliyeokoka, akasema alimuona mzee akizama mwanzo na kijana bado ameshika ubao, kadhi hatampokea kwa huruma ya mjane wala hatamkataa kwa wivu wa ndugu wa kibanja. Atamuuliza alikuwa upande gani wa meli, aliwajuaje, kulikuwa na mwanga kiasi gani, na nani mwingine aliyeona. Na Allah ndiye Mjuzi zaidi.